Mkwe wa Sinema

Wadogo zangu wa gari la sinema, mwezi uliopita nilirudisha funguo, koti la kazi na kipaza sauti, nikapewa mkono pamoja na barua ya shukrani ambayo jina langu limekosewa. Sasa niko nyumbani Tunduma, nina kiti, nina meza, na nina muda ambao sijauzoea. Mliniomba niwaandikie ya kazini. Vyeo sitavitaja, maana vilikuwa viwili tu na cha pili kilifanana na cha kwanza. Nitawaeleza jinsi kazi hii ilivyonipa mama mkwe bila kunipa mke, na jinsi siku hiyohiyo nilivyompoteza mtu aliyekuwa akizungumza nami kama mama mzazi. Kumrudisha kulinichukua karibu miaka ishirini.

Niliajiriwa kwa kuanguka. Ilikuwa kabla ya vita ile ya pili, nami nilikuwa mfagizi wa zahanati ndogo ya mpakani. Likaja gari lililobeba masanduku ya bati na Mzungu mmoja mrefu, ambaye sisi tulimwita Bwana Subiri, kwa kuwa hilo ndilo neno la Kiswahili alilolipenda kuliko yote. Alikuwa akitafuta mtu wa kuanguka na baiskeli. Filamu yenyewe ilikuwa ya kuwafundisha watu kufunga kidonda, na kidonda lazima kitoke mahali. Vijana wawili walijaribu, wakaanguka kwa heshima zao, kama wageni wanaokaribishwa mkekani. Mimi niliparamia baiskeli, nikateremka kilima, nikaingia mtaroni mzimamzima. Bwana Subiri akasema, "Subiri. Tena." Nilianguka mara tatu. Kesho yake nilikuwa mwigizaji wa serikali, na goti lile huniuma mpaka leo mvua ikikaribia.

Aliyenifundisha kazi hakuwa Bwana Subiri. Alikuwa dereva, Mzee Ramadhani wa Tabora, mtu wa masharubu mapana na maneno machache. Yeye ndiye aliyeendesha gari, akawasha jenereta, akafunga shuka jeupe kwenye nguzo na kuzungusha filamu. Alinifundisha kutembea polepole kuliko kawaida, kwa sababu kamera zile za kutiwa ufunguo kama saa zilimfanya kila mtu aonekane anakimbilia msalani. Alinifundisha kuweka kijiwe pale ninapotakiwa kusimama, na kukitafuta kwa kidole cha mguu badala ya macho. "Ukiitazama kamera," aliniambia, "kila atakayekaa mbele ya shuka atajua umemwona, na atakoma kukuamini." Sijapata kusikia somo bora zaidi, na wengine wenu bado hamjalishika.

Miaka ya mwanzo nilikuwa Bwana Mjinga. Katika kila filamu kulikuwa na Mwerevu aliyechimba choo na Mjinga aliyekataa. Mwerevu aliyepogoa kahawa na Mjinga aliyeiacha ikawa msitu. Waigizaji wa Mwerevu walibadilishwa mara nyingi. Mjinga nilikuwa mimi daima, wakasema nina uso wake. Kule Ibaba, jioni yenye baridi ya kutafuna masikio, tulionyesha filamu ya ndui. Asubuhi yake nilipokwenda kunawa mtoni, wanawake wawili walinirushia matope kwa kuwa nilimnyima mtoto wangu chanjo. Sikuwa na mtoto. Niliwaomba radhi hata hivyo, maana niliona ni sifa.

Basi Bwana Subiri akachoka na vyoo. Siku moja akatuambia anataka kupiga filamu moja ya kwake, ya kuweka, si ya kufundisha. Vijana wetu wengi walikuwa wanavuka mpaka kwenda migodini, wanaoa hukohuko kwa karatasi, wanarudi na mke na gramafoni. Harusi yetu ya Kinamwanga, ile ya siku nne, ilikuwa imebaki kwa wazee wachache, na mwaka hadi mwaka ilipunguzwa siku. Yeye alikuwa na makopo manne ya filamu yaliyosalia, kopo moja kwa kila siku ya harusi, na hakuna jingine lingekuja. Alitaka harusi nzima ikae ndani ya makopo hayo kabla haijasahaulika. Bwana harusi angekuwa mimi. Nilifurahi mno. Kwa mara ya kwanza nilikuwa nimepandishwa kutoka ujinga.

Lakini harusi yenyewe sikuijua. Aliyeijua ni Mayo Namwinga. Mayo ni mama, na hivyo ndivyo kila mtu alivyomwita, ingawa Mungu hakumjalia mtoto hata mmoja. Alikuwa mjane, akiishi nje kidogo ya Tunduma kwenye njia ya kwenda Momba, na kazi yake ilikuwa kufunda na kuozesha mabinti za watu. Alijua kila wimbo, kila hatua, nani anapita mbele na nani anageuza kichwa. Mwezi mzima nilikuwa nikienda uani kwake kujifunza. Mama yangu mimi alifariki nikiwa sijaota meno ya pili, na sikuwahi kuwa na mtu wa kunigombeza vizuri. Mayo alinigombeza vizuri.

"Mwanangu, huko ni kutembea au ni kukanyaga siafu?" alikuwa akisema. "Bwana harusi anakwenda kama mtu aliyebeba mayai. Haya, rudi langoni."

Halafu alikuwa akiinuka mwenyewe kunionyesha. Aliweza kuiga mwendo wa kila mwanamke wa kijijini, hata wa mke wa mwinjilisti, mpaka mbwa wakambwekea. Kama serikali ingekuwa na macho, angeajiriwa yeye, nami ningeendelea kufagia. Tukimaliza somo tulikuwa tukikaa kubangua karanga, aniulize goti langu, aniulize nimekula nini. Nilikuwa na miaka ishirini na mitano na nilikuwa naona raha kuulizwa nimekula nini.

Sehemu ya kwanza ya filamu ilikuwa ya posa. Mchumba anaweka jembe miguuni kwa mama wa binti. Mama akiliokota, amekubali. Mayo ndiye angekuwa mama wa binti. Siku moja kabla, alinikalisha chini akanieleza jambo kwa makini.

"Kesho ulete jembe bovu," alisema. "Lililolika, lisilo na mpini. Watoto wetu wakicheza harusi hutumia jembe bovu, ndiyo mchezo unabaki mchezo. Jembe zima likiokotwa mbele ya watu, limeokotwa. Umenisikia?"

Nilimsikia. Lakini ile njia yote ya kurudi nyumbani nilikuwa naliona lile jembe bovu limetandazwa kwenye shuka, na watu wa Mlowo na Ihanda na Ibaba wakisema, tazama, Bwana Mjinga anaposa kwa chuma chakavu. Miaka yote ile nimekuwa mjinga, nikapewa siku moja ya kuwa mtu wa maana, halafu niende na kutu? Kiburi si maungwana, lakini siku ile kilinishika mkono kikanipeleka kwa mhunzi. Nikachukua jembe jipya, pana, limetiwa mpini wa mti mgumu. Nikalifunga kwenye gunia asilione mtu.

Asubuhi watu walijaa uani. Bwana Subiri akatia ufunguo kamera yake. Nikaenda kwa mwendo wa mayai, nikapiga goti, nikafungua gunia, nikaliweka jembe miguuni kwa Mayo. Nilikuwa nimekikanyaga kijiwe changu barabara, na jua lilikuwa shavuni kama nilivyofundishwa.

Mayo alilitazama. Kisha akanitazama mimi. Uso wake ukabadilika, nami nikaelewa palepale, lakini kamera ilikuwa inalia trrr na kopo lilikuwa linakwisha. Akikataa, posa imekataliwa na filamu imeharibika. Akiokota, ameokota. Alikaa vile kwa muda niliodhani hauna mwisho, kisha akainama, akaliinua kwa mikono miwili. Baada ya hapo akavuta kitambaa chake mpaka kwenye pua, akageuka, akaingia ndani.

"Nzuri sana!" alisema Bwana Subiri. Mpaka kesho ndiyo sehemu watu wanayoisifu kuliko zote.

Kwa asiyejua mila zetu: mtu na mama mkwe wake hawatazamani. Hawali pamoja, hawasemezani, wakikutana njiani mmoja anaingia porini. Hukaa hivyo mpaka siku mama mkwe mwenyewe atakapoona mkwe ametosha, ampikie, amwingize, ndipo anafunua uso. Wengine huingizwa baada ya mtoto wa kwanza. Mimi mtoto wa kwanza ningempata wapi? Mchumba wangu alikuwa Mzee Ramadhani.

Ndiyo, Mzee Ramadhani. Hakuna baba aliyekubali kutuazima binti. "Nani atamwoa baadaye," aliuliza mmoja, "akishaolewa na gari?" Na kwa kuwa bibi harusi wetu hufunikwa nguo tangu kichwani siku zote nne, tukamfunika dereva. Alilalamika ndani ya nguo siku nzima. "Nina wake wawili Tabora," alisema, "na sikujua kama wanavumilia joto namna hii. Nikirudi nitawaomba msamaha." Mayo, kwa kuwa alikuwa mama yake, aliweza kusema naye waziwazi.

"Binti, ficha miguu."

"Ndiyo, mama," ilijibu sauti nzito kutoka gizani.

Lakini kwangu mimi hakusema neno. Zilikuwa zimebaki siku tatu na makopo matatu, nami sikujua nusu ya yaliyotakiwa. Nilidhani filamu imekufa na mimi ndiye niliyeiua. Ndipo Mayo alipotoka ndani, amejifunika, akajipanga nyuma ya kinu cha kutwangia, akakipiga kofi.

"Wewe kinu," alisema, "mwambie huyo mtu asimame kushoto kwa mlango. Na mwambie anapopewa maji asinywe kama ng'ombe."

Bwana Subiri akashusha kamera. "Anazungumza na nani?"

"Na kinu, bwana."

"Kinu kinajibu?"

"Najibu mimi, bwana, ila nakijibu kinu."

Alifikiri kidogo. "Subiri," akasema, akakiondoa kinu kisionekane kwenye picha, kikabebwa hivyo kila tulikohamia. Kwa njia hiyo harusi ya siku nne ilimalizika, na hakuna hatua iliyokosewa. Ukiitazama filamu kwa makini utaona siku ya tatu nakitikisia kichwa kitu kilicho pembeni. Ni kinu.

Gari likaondoka nasi. Likizo ya kwanza nilikwenda mbio kwa Mayo, nikiamini mambo yamepoa. Aliniona kwa mbali akaingia kwenye mahindi. Nilisimama pale njiani na kifurushi changu cha sukari. Niliumia, wadogo zangu, wala sioni aibu kukiri. Watu husema majuto ni mjukuu, mwisho huja kinyume. Mimi yangu yalikuja mbele, yakageuka, yakaingia kwenye mahindi.

Nilimtuma mwinjilisti akamwambie kwamba ilikuwa filamu tu. Alirudi amekunja uso. "Amesema jembe halikuwa la filamu. Amesema mkwe huingizwa akisha kulima."

Basi nikalima. Kila likizo, kabla hata ya kufungua sanduku langu, nilikwenda kwenye shamba lake la ulezi. Jembe lile nililikuta limeegemezwa kwenye kichuguu, nami nikiondoka nililiacha palepale. Miezi mingine yote lilikuwa mkononi mwake. Tulilima shamba moja kwa jembe moja miaka mingi bila kukutana. Nikaja kuoa kwa kweli, nikampata Rebeka, mwanamke wa Mbozi mwenye akili na ulimi. Alinivumilia, ila aliniuliza mara moja kwa nini mama yangu mkwe wa sinema analimiwa kuliko mama yake yeye. Ikabidi mwaka ule nilime mashamba mawili.

Vita ikaja, ikaisha. Tulizunguka na picha za askari, kisha na picha za kahawa tena, lakini kila mahali watu walidai tumalizie na harusi. Filamu haikuwa na sauti. Mimi ndiye niliyekuwa nasimulia kwa kipaza sauti kando ya shuka. Wanaume waliorudi kutoka migodini walileta watoto wao waliozaliwa huko, wakawaonyesha kwa kidole. Kule Ihanda kijana mmoja aliniambia ameoa kwa kuifuata hatua kwa hatua, ila alishangaa kukosa bibi harusi mwenye miguu mikubwa kama ile.

Tulipoionyesha Tunduma, Mayo alikuja na kigoda chake akakaa mbele. Nilifurahi, nikasema angalau atajiona. Lakini picha yangu ilipotokea tu kwenye shuka, alijifunika, akageuza kigoda, akalipa shuka mgongo. Watu wakacheka mpaka wengine wakakaa chini. Yeye hakujali. Alikaa vile mpaka mwisho, amewatazama wao, akinisikiliza mimi. Mila ilikataza uso wangu, hata ule wa kwenye shuka. Sauti iliyopitia kwenye kitu haikuikataza.

Hapo nikajua cha kufanya. Kipaza sauti kikawa kinu changu. "Huyu mnayemwona anapanga vyungu," nilisema, "ndiye aliyenifundisha kutembea. Kama yuko hapa, ajue kwamba nimekula, nilikula wali na maharage, na goti bado linauma." Watu walidhani ni utani wa kazi. Asubuhi, pale kwenye kichuguu, kando ya jembe, nilikuta majani ya kuchua goti yamefungwa kwenye kitambaa, na karanga za kukaanga. Tangu siku hiyo, kila gari lilipofika Tunduma, nilimpa habari zangu zote kati ya siku ya pili na siku ya tatu ya harusi: kuzaliwa kwa wanangu, kifo cha Mzee Ramadhani kule kwao, macho yangu yalivyoanza kuchoka na taa. Wale mliofanya kazi nami mlikuwa mkiniuliza kwa nini usimulizi wa Tunduma ni mrefu kuliko wa kwingine. Ndiyo hiyo sababu.

Kumbe kustaafu kulikuwa na hatari ambayo sikuifikiria. Nilipokabidhi kipaza sauti ndipo nilipotambua kuwa nimekabidhi pia njia yangu pekee ya kusema naye. Yeye amezeeka, hasikii vizuri, hawezi tena kufika shambani. Nilirudi nyumbani nikiwa mtu mwenye furaha kwa mambo mengi na hofu kwa hilo moja: kwamba tutazikana tukiwa tumefunikana nyuso.

Jumamosi iliyopita Rebeka aliingia akiwa amevaa kitenge chake cha kanisani. "Vaa shati," alisema. "Umeitwa kwa mama mkwe wako. Yule mwingine."

Nilimkuta ameketi uani, amejifunika. Wanawake walikuwa wamepanga vyungu mstari mmoja kwenye mkeka: ugali wa ulezi, kuku, maharage, mlenda, karanga za kupondwa, togwa. Mikono yake inatetemeka siku hizi, lakini kila kifuniko alikifunua mwenyewe, akamega, akanilisha. Kilipofunuliwa chungu cha mwisho, alishika kitambaa chake akakivuta nyuma. Nikauona uso ambao sikuwa nimeuona karibu miaka ishirini isipokuwa kwenye shuka, mkubwa na wa kijivu. Sasa ulikuwa mdogo, na macho ni yaleyale. Nililia, akaniacha nilie.

"Nilikwambia ulete jembe bovu," alisema.

"Nilikosa, Mayo. Nilitaka nionekane."

"Ulionekana."

Nikamuuliza swali lililonikaa miaka yote ile. Kwa nini aliliokota? Angekataa, filamu ingeharibika, Bwana Subiri angesema subiri, na sisi wawili tungeendelea kubangua karanga.

Alisugua magoti yake kwanza. "Nimeozesha mabinti za watu mpaka nimepoteza hesabu," alisema. "Kila jembe lililokuja, nililipokea kwa niaba ya mwenye mtoto. La kwangu halikuja kamwe, wala lisingekuja. Halafu wewe mpumbavu ukafungua gunia." "Lilikuwa jembe zuri, mwanangu. Nikasema, na mimi nitakuwa na mkwe."

Nilimsogezea togwa, akanywa.

"Sasa simama pale langoni," aliniambia. "Ile sinema yenu wameiona watu wote, mimi sijaona hata kipande."

Nikamwambia makopo mnayo ninyi, mimi sina. Akasema hajauliza habari za makopo. Basi nikasimama langoni, na goti langu, na tumbo lililojaa vyungu sita, nikamwigizia harusi yote ya siku nne. Nilikuwa mimi, nikawa Mzee Ramadhani ndani ya nguo, nikawa Bwana Subiri, nikawa hata kinu. Mara mbili alinisimamisha kwa kuwa nilikosea hatua. Katika siku zote za kazi yangu sijaigiza vizuri kuliko siku ile, na hakukuwa na kamera.

Posa nilikuwa nimeiacha ya mwisho, na nilipoifikia alimtuma Rebeka ndani. Rebeka akatoka na jembe letu. Lilikuwa limelika na ule udongo wa ulezi mpaka likabaki upana wa kiganja, na mpini ulikuwa umekwisha kuoza.

"Sasa ni bovu," alisema Mayo. "Sasa ndiyo mchezo. Weka."

Nikapiga goti, nikaliweka miguuni pake. Aliinama polepole, akiwa anacheka, uso wazi, akaliokota.